Kola ya Kumi na Mbili

Jumatatu, saa kumi na mbili na nusu jioni, Fundi alikuwa amekwisha kufunika cherehani kwa shuka kuukuu, ameokota pini zilizotapakaa sakafuni kwa sumaku yake, na anamimina chai kwenye kikombe cha mama yake, sukari kijiko kimoja na nusu, wakati Kitinda, mdogo wake aliyefariki miezi minane iliyopita, alipotokea kwenye televisheni.

Alitokea nyuma kabisa, kona ya kushoto. Ilikuwa ile tamthilia ya mtengeneza saa, mgane ambaye mkewe alikufa garini yeye akiwa kwenye usukani. Ilikuwa tamthilia ya watu wapole. Hakuna aliyelia, hakuna aliyepiga kelele. Walikaa mezani, wakashika vikombe, wakatazama dirisha, mmoja akasema mvua inakuja, na mwenzake baada ya muda mrefu akasema naam. Mama hakuipenda. "Watu gani hawa," alikuwa akisema, "wanatazamana kama kuku waliolowa." Aliiacha iende kwa sababu ilitangulia taarifa ya habari, na hakutaka kuinuka mara mbili.

Jioni hiyo mtengeneza saa alikuwa akimpokea shemeji yake dukani. Nyuma yao, mahali ambapo siku zote palikuwa na kabati la saa, palikuwa na meza ya kukatia nguo, na Kitinda ameketi hapo, pini tatu mdomoni, anabana kola ya shati.

Mama alisogeza miwani.

"Amekonda," alisema.

"Hajakonda," alisema Fundi. "Televisheni hii inarefusha watu."

Akaweka kikombe mbele ya mama. Mama, macho kwenye kioo, akasema, "Ahsante, mwanangu."

Fundi alisimama na birika mkononi. Ilimchukua muda kutambua kwamba hakuambiwa yeye. Yeye aliitwa wewe. Tangu apate akili zake aliitwa wewe: wewe njoo, wewe funga mlango, wewe mwangalie mwenzako asianguke. Mwanangu lilikuwa neno la Kitinda, kama kile kikombe chenye maua kilivyokuwa cha Kitinda, na hata baada ya msiba hakuna aliyekinywea. Kilikaa kabatini kimefunikwa kifuniko, kana kwamba chai iliyomo ingepoa.

Mama alikohoa, kikohozi kimoja kifupi na kimoja kirefu, kama mtu anayebisha hodi na kuingia kabla hajajibiwa. Mtaa mzima ulikijua kikohozi kile. Watoto waliokuwa wakichora ukutani kwake walikisikia wakakimbia.

Dada hawa wawili walikuwa wakishona sare za shule kwenye chumba cha mbele. Kitinda alikata na kubana, Fundi alishona. Mmoja akisimama, na mwingine kasimama. Siku ile ya mwisho walikuwa na mashati kumi na mawili ya kukabidhi jioni. Kitinda alisema tumbo linamuuma alipokuwa kwenye kola ya tatu. Alisema tena kwenye ya saba. Kwenye ya kumi alisema linamuuma kweli, na Fundi, aliyechoshwa na mtu wa kubembelezwa hata akivunjika ukucha, alimjibu bila kuinua kichwa, "Maliza kola kwanza." Kitinda alikuwa msikivu. Alizimaliza zote kumi na mbili, kisha akalaza kichwa juu yake. Hospitali walisema kitu kimepasuka tumboni, na kwamba kama angefika saa mbili mapema wangeweza kushona. Daktari alitumia neno hilo hilo, kushona.

Mama alikuwa amekwenda kupima macho tangu asubuhi. Alipotokea akauliza, na Fundi akasema, "Hakuniambia kitu." Alisema mara moja tu, na hakuulizwa tena. Mashati aliyamalizia peke yake baada ya wiki mbili, na wenyewe wakaja kuyachukua. Tangu hapo, kila asubuhi, kola zile zilipita dirishani kwake zikienda shule.

Jumanne Kitinda alikuwa kwenye kola ya pili. Ile ya kwanza ilikuwa imelala mezani upande wake wa kulia, kama walivyozoea. Fundi aliiona, akaelewa jinsi mambo yatakavyokwenda. Kila jioni kola moja. Akahesabu kwa vidole chini ya meza.

Jumatano asubuhi mama alimwita mzee wa televisheni, yule mwenye karakana karibu na kinyozi. Mzee alifungua mgongo wa televisheni, akapuliza vumbi, akagusa hapa na pale kwa bisibisi.

"Haina ubovu," alisema.

"Mtoto anaonekana mdogo," alilalamika mama.

"Yuko mbali na kamera, mama. Hapo mimi sina la kufanya. Lakini mshukuru, picha yenu ni safi. Nimetoka mtaa wa pili sasa hivi, kule anaonekana mgongo tu."

"Hata kwangu mgongo!" alisema mke wa kinyozi kutoka mlangoni. Huyu walimwita Mama Redio, kwa kuwa habari ilikuwa hailali kwake. "Naona kile kifundo cha nywele na shingo, basi. Nikamwambia mume wangu, mtoto huyu adabu kaziacha wapi, anatupa mgongo! Kumbe uso kauleta kwao."

Kuanzia siku hiyo Mama Redio alikuja kila jioni na kigoda chake. Wengine pia walikuja, wakavua viatu mlangoni, wakaketi kwa adabu. Walimwambia mama hongera, kisha wakajisahihisha wakasema pole, kisha wakanyamaza kwa sababu tamthilia imeanza.

Kwenye kola ya tatu Kitinda alitoa pini mdomoni, akageuza kichwa kidogo, midomo ikacheza. Wakati huo huo saa zote za ukutani za yule mtengeneza saa ziligonga pamoja. Fundi alimshukuru moyoni mtu aliyeitunga tamthilia, popote alipo.

"Kasema nini?" aliuliza Mama Redio.

"Anahesabu pini," alisema Fundi.

Zaidi ya hapo Kitinda hakuwa na maneno. Alifanya kazi. Lakini mara mbili tatu kila jioni aliinua macho na kutazama nje ya kioo, na alitazama mahali pamoja tu, kwenye kiti cha mama. Fundi alijiambia ni jinsi kamera ilivyokaa. Siku ya Alhamisi, mama alipokwenda kunawa mikono, Fundi aliketi kwenye kiti kile. Akajiweka sawa, mabega juu, mikono mapajani. Kitinda aliinua macho. Macho yakapita juu ya kichwa cha Fundi, yakaenda moja kwa moja hadi mlango wa bafu, yakasubiri hapo. Yakarudi na mama, hatua kwa hatua.

"Wewe, inuka," alisema mama.

Fundi akainuka. Roho ilimuuma kama mtu aliyejichoma sindano chini ya kucha, mahali ambapo damu haitoki. Alikuwa amempikia mama huyu miezi minane. Alikuwa amemsugua mgongo. Usiku wa homa alikesha kitako kando yake. Na mara zote mama alitazama ukuta, dari, kikombe chenye maua. Sasa alikuwa na pa kutazama.

Jumapili, tamthilia ikiwa mapumzikoni kama kila mwisho wa wiki, mama alileta kitambaa cha rangi ya samawati na kukiweka juu ya cherehani.

"Nishonee gauni."

Kwa miaka yote Fundi aliyoshona, mama hakuwahi kuvaa kitu alichokishona yeye. Alinunua madukani. Alisema mishono ya Fundi inambana. Kwa hiyo Fundi alikishika kitambaa kwa mikono miwili.

"La kuendea wapi, mama?"

"La kukalia hapa. Nataka aone nimependeza."

Fundi alimpima. Alipozungusha futi kifuani kwa mama alimkumbatia bila kukusudia, na mama alisimama wima akisubiri amalize.

Jumanne ilikuwa kola ya saba. Saa kumi na mbili na dakika arobaini Fundi alifunua cherehani akaanza kushona. Cherehani ilikuwa ya zamani, ya kukanyaga, ikicharaza chumba kizima kilitikisika. Watu waligeuza shingo.

"Wewe, kelele hizo!" alisema mama.

"Ni gauni lako, mama. Unalitaka kesho."

Kwenye kioo midomo ya Kitinda ilicheza tena. Fundi alikanyaga kwa nguvu zaidi. Alishona mkono wa kushoto mara mbili, na baadaye ilimlazimu kuufumua.

Jumatano mama alilivaa. Lilimkaa vizuri kuliko nguo yoyote aliyowahi kuwa nayo, na Fundi aliliona hilo kabla ya mtu mwingine. Kitinda alipoinua macho kutoka kwenye kola ya nane, alitabasamu, pini mdomoni. Mama aliligusa gauni shingoni.

"Umeliona?" aliiambia televisheni. "Nimeshonewa."

Hakusema na nani. Mama Redio alimtazama Fundi, Fundi akaenda kuleta sukari iliyokuwa tayari mezani.

Ijumaa ilikuwa ya kumi. Fundi hakula mchana. Alijua kwamba saa hazigongi mara mbili kwenye tamthilia moja, na gauni lilikwisha. Watu walikuwa wengi kuliko siku zote. Alipita nyuma ya televisheni akijifanya anafuta vumbi, na ilipotimia saa kumi na mbili na dakika arobaini akauvuta waya wa antena.

Mtengeneza saa akapotea. Shemeji yake akapotea, na duka, na dirisha, vyote vikawa chenga nyeupe. Kitinda alibaki. Kona yake ya kushoto ilibaki safi kama mchana, meza, mkasi, kola tisa zimepangwa. Zaidi ya hayo, kwa kuwa wenzake hawakuwapo, akasogea katikati.

"Afadhali," alisema mama. "Wale watu walikuwa wanamzibia."

Chumba kilikuwa kimya kabisa. Kitinda alitoa pini mdomoni, akazipanga moja moja kwenye ukingo wa meza.

"Dada," alisema, kwa sauti yake ile ile, nyembamba kidogo puani. "Linaniuma kweli."

Na kutoka pembeni, mahali ambapo kioo hakikuonyesha, ilisikika sauti ya cherehani ikipungua mwendo, kisha sauti ya Fundi.

"Maliza kola kwanza."

Cherehani ikaendelea.

Mtu mmoja alikuna mguu. Mama Redio alifungua mdomo, na kwa mara ya kwanza tangu aolewe mtaani pale akaufunga mtupu. Kitinda alirudisha pini mdomoni akaichukua kola ya kumi.

Fundi alitoka nyuma ya televisheni, waya bado mkononi. Akasimama mbele ya mama.

"Mama, ni mimi," alisema. "Aliniambia. Aliniambia mara tatu. Nilikudanganya."

"Najua," alisema mama. "Sogea, unanizibia."

Fundi akasogea.

Wageni walipokwenda, alivua viatu vya mama na kumwekea maji ya kunawa. Alisubiri apigwe, au aulizwe, au afukuzwe. Alikuwa tayari kwa lolote kati ya hayo, na mojawapo alilitaka. Mama alinawa. Alisema kitambaa cha gauni hakichuji, kizuri. Jumamosi na Jumapili hapakuwa na tamthilia, nao wawili walikaa chumba kimoja siku mbili wakisemeshana habari za sabuni na mkaa, kwa upole sana. Mtu akiwaona angedhani nao wanaonyeshwa mahali.

Jambo moja lilimkereketa Fundi. Mama alijuaje?

Jumatatu aliurudisha waya mwenyewe. Mtengeneza saa na shemeji yake walirudi, wakanywa chai. Kitinda alibana kola ya kumi na moja. Alikuwa ameinama sasa, mkono mmoja tumboni, na jasho lilimtoka juu ya mdomo, lakini pini zake zilipita zimenyooka.

"Mtazame," alisema mama. "Hata anaumwa, mkono hautetemeki. Wa kwetu huyu."

Fundi alikuwa akifumua pindo. Sindano ilimpita kidoleni. Aliwaza kwamba hata kumuua hakukumpunguza. Kulimwongezea. Aliliwaza hilo waziwazi, kwa maneno hayo hayo, kisha akanyonya kidole akaendelea kufumua.

Jumanne, kola ya kumi na mbili. Shemeji aliuliza ilikuwaje siku ile ya gari. Mtengeneza saa alifungua mdomo, akafikiri, kisha akachukua saa mezani akaitia ufunguo. Nyuma yake Kitinda alichoma pini ya mwisho. Aliiweka kola juu ya zile nyingine, akazilinganisha kwa viganja ili kingo zisipishane, na akalaza kichwa juu yake.

Ndipo ikasikika, kutoka nyuma ya ukuta ulio mgongoni mwa Kitinda, upande ambao nyumba hii ilikuwa na chumba cha kulala. Kikohozi. Kimoja kifupi na kimoja kirefu.

Fundi aliacha kuhesabu.

"Mama," alisema Mama Redio polepole, "hicho si…"

Mama alikohoa hapo hapo kitini, kimoja kifupi na kimoja kirefu. Vilifanana kama nguo mbili zilizokatwa kwa kipimo kimoja cha karatasi.

"Vumbi," alisema mama. "Nyumba ya fundi haikosi vumbi."

Majina ya waigizaji yakapita. Jina la Kitinda halikuwamo. Watu walitafuta viatu vyao, na leo kila mtu alivipata haraka. Mama Redio alisahau kigoda.

Fundi alikusanya vikombe. Alivipanga kwenye sinia kimoja kimoja, akaliweka sinia chini tena.

"Kupima macho ulikwenda?"

"Nilikwenda. Walikuwa wamefunga. Nikarudi mapema nikapitia mlango wa jikoni, nikajinyoosha."

"Ukamsikia."

"Ukuta gani huu wa kuzuia sauti."

"Mara ngapi?"

Mama alivua miwani, akaifuta kwa upindo wa gauni la samawati. Bila miwani uso wake ulikuwa mdogo, kama wa mtu aliyeamshwa.

"Ulikuwa unalalamika kila siku kwamba namdekeza," alisema. "Kila siku ya Mungu, mama unamdekeza, mama unamdekeza. Nikasema leo nisiingilie. Leo na huyu mkubwa aone namheshimu."

Akaivaa miwani.

Fundi alibeba sinia hadi jikoni akaosha vikombe vyote. Maji yalikuwa baridi, hakuyahisi. Kwa miezi minane alikuwa amelibeba lile jambo peke yake, usiku na mchana, na lilikuwa zito, lakini lilikuwa lake. Lilikuwa kitu cha pekee ambacho Kitinda alimwachia yeye na si mtu mwingine. Sasa ilijulikana kwamba mama alikuwa ameshika upande wa pili wakati wote. Hata hapo walikuwa wawili, mama na Kitinda, ukuta mmoja kati yao, wakisikilizana, na yeye Fundi kelele ya cherehani pembeni, nje ya kioo. Alijiona mjinga kulionea wivu jambo kama hilo. Aliuona ujinga wenyewe vizuri, akaukausha pamoja na vikombe, na wivu ukabaki palepale.

Aliporudi chumbani mama alikuwa bado kitini.

"Kesho ipo?" aliuliza mama.

"Ipo. Saa ile ile."

Jumatano Mama Redio alikuja kufuata kigoda chake, na kwa kuwa kilikuwa mbele ya televisheni, akakikalia. Fundi alifunika cherehani, akaokota pini kwa sumaku, akamimina chai, sukari kijiko kimoja na nusu. Mtengeneza saa alifungua duka. Nyuma yake Kitinda alikuwa ameketi wima, ana afya, meza tupu mbele yake na mashati kumi na mawili yasiyo na kola kwenye kikapu. Alitia pini tatu mdomoni akaichukua ya kwanza.

"Kanenepa kidogo," alisema mama.

"Kweli, mashavu yamerudi," alisema Mama Redio.

Fundi aliweka kikombe.

"Ahsante, mwanangu," mama aliiambia televisheni.

Kitinda aliinua macho, akamwona mama na gauni lake, akatabasamu. Fundi alivuta kiti chake, akakiweka nyuma kidogo ya kile cha mama, mahali asipomzibia mtu. Aliitazama ile kola kwa muda mrefu, kwa jicho la kazi.

"Pini ya pili imekaa upande," alisema.

"Wewe nawe na kijicho chako," alisema mama, akapuliza chai.